Makanusho ya Blogu ya Vipande

Iko nchi moja, si karibu sana na hapa wala si mbali mtu akose kuisikia, ambayo wimbo wake wa taifa una beti kumi na nne, na kila waziri mpya akiapishwa huongezwa ubeti mmoja. Watoto wa shule huanza kuuimba saa moja kamili asubuhi na wakimaliza huwa ni wakati wa uji. Katika mji mkuu wa nchi hiyo aliishi mwanamke mmoja aitwaye Tunu Mngodo, umri wake miaka thelathini na minne, kazi yake kuandika habari za mishono.

Tunu hakuwa shujaa, na ni vizuri jambo hilo lieleweke mapema. Aliogopa polisi, aliogopa mbwa, na aliogopa kuitwa ofisini na bosi bila kuambiwa sababu. Alichokijua ni vitambaa. Alikuwa akiandikia gazeti la mtandaoni liitwalo Darizi, lililoshughulika na magauni ya harusi, mapishi na namna ya kutandika kitanda. Mwenye gazeti alikuwa Bwana Nuhu Lipembe, aliyewahi kuuza magodoro, mtu mnene mwenye imani moja tu maishani: kitu kinachopendwa na wengi ni kizuri, na kama si kizuri hilo si shauri lake.

Siku moja umeme ulikatika mjini kwa siku tatu mfululizo na toleo la Darizi likachelewa. Bwana Nuhu akamwagiza Tunu aandike maneno mawili matatu ya kuwaomba radhi wasomaji. Tunu, kwa kuwa alifundishwa na mama yake kwamba anayeomba radhi aseme kosa lilikuwa nini, aliandika kwamba umeme ulikatika kwa sababu nguzo ilianguka, kwamba nguzo hiyo ilikuwa chini tangu mwezi uliopita, na kwamba mafundi wa shirika walikuwa wameitumia kama benchi la kukalia wakati wa chakula cha mchana.

Makala ya magauni ya harusi toleo lile ilisomwa na watu mia nne. Ombi la radhi lilisomwa na watu elfu kumi na moja.

Bwana Nuhu aliitazama idadi hiyo kama mtu anayeona godoro likijiuza lenyewe. Kesho yake pembeni mwa Darizi ikafunguliwa blogu ya habari. Tunu akaipa jina la Vipande, kwa mfano wa vipande vya kitambaa vinavyobaki chini ya cherehani, na yeye ndiye akawa mwandishi wake, mhariri wake na mpiga picha wake.

*

Mwaka ule wa kwanza ulikuwa mzuri. Watu walimwandikia kutoka kila mtaa. Mmoja alileta habari ya shule ambayo paa lake liliezuliwa na upepo na bado mkuu wa wilaya alikuja kulizindua. Mwingine akaeleza jinsi wagonjwa wa hospitali walivyolala wawili wawili kitandani, miguu ya huyu kwenye pua ya yule. Tunu hakuandika kitu bila kwenda kujionea. Alipanda ngazi, aliinama chini ya vitanda, alihesabu wagonjwa, na akagundua kwa mshangao wake mwenyewe kwamba kazi hiyo anaipenda kuliko mishono.

Iliyomkweza ni habari ya jiwe la msingi. Msomaji mmoja alimtumia picha sita za Waziri wa Ujenzi akiweka mawe ya msingi katika wilaya sita. Tunu alizikuza picha hizo, akaona kwamba jiwe katika zote sita lina kovu lilelile kwenye pembe ya kushoto. Akafuatilia. Dereva wa wizara akamthibitishia bila kinyongo kwamba jiwe ni moja, husafirishwa kwenye buti la gari likiwa limefungwa blanketi, na kwamba waziri analipenda kwa sababu linatoka vizuri kwenye picha. Habari hiyo ilisomwa na nusu ya nchi. Nusu nyingine ilisimuliwa.

Wiki haikupita, Dakta Bonaventura Msolwa akafika ofisini kwa Darizi.

Dakta Msolwa alikuwa Mkurugenzi katika Wizara ya Uelewa wa Umma. Udaktari wake alitunukiwa na chuo alichokizindua mwenyewe, chini ya jiwe lile lile. Alikuja na wasaidizi watatu: wa kushika faili, wa kushika chupa ya maji, na wa tatu ambaye kazi yake ilikuwa kuandika kila asemalo bosi ili lisipotee. Bwana Nuhu alifuta kiti kwa mkono wa shati lake kabla Dakta hajakikalia.

“Serikali haina ugomvi na habari,” alisema Dakta Msolwa, naye msaidizi wa tatu akaandika. “Serikali ina ugomvi na habari isiyosikiliza upande wa pili. Upande wa pili ni sisi. Na upande wa kwanza, ukichunguza sana, pia ni sisi, ila siku ile tulikuwa hatujafika.”

Akaeleza kwamba Vipande haitafungwa. Nchi yao haifungi blogu, nchi yao inazilea. Ila ilikuwa lazima isajiliwe kwa Sheria ya Magazeti, na sheria hiyo ilidai kila gazeti liwe na ghala la karatasi na mwendesha baiskeli wa kusambaza nakala. Tunu alijaribu kueleza kwamba blogu haina karatasi. Dakta akamsikiliza kwa huruma, kama anayemsikiliza mgonjwa wa homa. Hatimaye Bwana Nuhu akapanga ghala, akaliwekea bunda moja la karatasi, akamwajiri mzee mmoja mwenye baiskeli ambaye kila asubuhi alizunguka mji mikono mitupu na kurudi kusaini kwamba amesambaza. Mkaguzi alikuja, akaridhika, akapiga picha na bunda.

Kisha ukaja utaratibu wa haki ya kujibu. Kila habari ya Vipande sharti iambatane na kanusho la wizara. Mwanzo kanusho liliwekwa chini ya habari. Baada ya mwezi likapandishwa juu. Baada ya miezi miwili likawa refu kuliko habari yenyewe, na mwezi wa tatu Dakta Msolwa alimwita Tunu wizarani akiwa na uso wa mtu aliyegundua moto.

“Nimelala nikiwaza,” alisema. “Kwa nini tumsumbue mwananchi kwa uongo, halafu ndipo tumpe ukweli? Si tumpe ukweli tu? Kuanzia leo weka kanusho peke yake. Habari yenyewe acha.”

Hapo ndipo Tunu angeacha kazi, kama angekuwa mtu wa hadithi nyingine. Alifikiria kuacha kwa siku mbili nzima. Alitunga hata barua, yenye sentensi nzuri kuhusu dhamiri. Lakini alikuwa na meza karibu na dirisha, alikuwa amezoea kusalimiwa njiani na watu asiowajua, na barua ile ikabaki kwenye droo pamoja na sampuli za lesi. Siku ya tatu akachapisha kanusho la kwanza lisilo na habari. Lilisema hivi: “Si kweli kwamba daraja la Mto Kaskazini limejengwa kwa nondo za dirisha.”

Alidhani wasomaji watamkimbia. Siku ile walikuwa laki moja, na hakuna gari hata moja lililopita darajani.

*

Toka hapo Vipande ikawa blogu ya makanusho matupu, na ikanawiri kwa namna ambayo haijapata kutokea.

Chanzo cha kunawiri kwake kilikuwa ni Dakta Msolwa mwenyewe, kwa sababu alikuwa mtu wa kazi. Hakutaka mambo ya juu juu. Alitoa waraka kwa idara zote kwamba kanusho lisilo na tarehe, mahali na idadi ni porojo. Idara zikatii. Hapakutolewa tena kanusho la jumla jumla kwamba hali ni nzuri. Likatoka kanusho kwamba si kweli kuwa magunia mia tatu na kumi na mawili ya mahindi ya akiba yaliondoka ghala namba nne Jumanne ya tarehe tisa kwa malori mawili ya shemeji yake Katibu Mkuu. Watu wakasoma, wakashukuru kwa ufafanuzi.

Baadaye Dakta akaongeza kanuni ya pili: kanusho litangulie tukio. Aliona aibu serikali kukimbizana na uvumi kila siku ikiwa nyuma. Jambo lolote linalotarajiwa kuleta maswali, kanusho lake lifike kwa umma muda wa saa tatu kabla halijatendeka. Basi ikiandikwa asubuhi kwamba si kweli sukari itaadimika kuanzia Jumatano, Jumanne jioni maduka hayana hata punje. Ikikanushwa kwamba polisi watakamata wachuuzi wa soko la Mjini Kati mchana huo, wachuuzi walifunga biashara zao saa nne, na polisi wakafika wakakamata hewa. Lugha ya watu nayo ikabadilika. Mama mmoja angemuuliza jirani, “Nyinyi maji mmekanushiwa lini?” na jirani akajibu kwamba wao wamekanushiwa hadi Ijumaa, kwa hiyo wameshajaza mapipa.

Idara zikaanza kushindana. Kukanusha ikawa heshima, maana idara isiyokanusha kitu ilionekana haifanyi kitu. Mkurugenzi wa Uvuvi alimpigia Tunu simu akilalamika kwamba mwezi mzima idara yake haijatokea, na alipoulizwa ana nini cha kukanusha, akafikiri kidogo, akasema akanushe boti nne zilizouzwa. Posta wakakanusha kwamba barua huchomwa ili kuchemshia chai, jambo ambalo hakuna raia aliyekuwa na akili mbaya kiasi cha kulishuku.

Dakta Msolwa aliiona idadi ya wasomaji ikipanda, akaamini ni mapenzi. Aliliambia Baraza la Mawaziri kwamba wananchi wana kiu ya ukweli wa serikali kiasi kwamba wanausoma kabla ya kuosha uso. Akavishwa nishani. Bwana Nuhu naye akapewa matangazo yote ya wizara, akanunua suti tatu za rangi moja, na akaanza kusema “sisi serikalini” hata akiwa kwa kinyozi.

Na Tunu je? Tunu alijua. Kila asubuhi alikaa dirishani, akapiga simu idara baada ya idara, akauliza kwa sauti ya upole kama kuna lolote la kukanusha leo, na wakubwa wakamwaga kila kitu. Alikuwa na masikio mazuri na mwandiko safi. Jioni alijiambia kwamba yeye ni karani tu, anaandika anachopewa. Alijiambia hivyo mara nyingi, na mtu aliye karani tu huwa hana haja ya kujiambia.

Aliyemwondolea kisingizio hicho ni shangazi yake, Bi Mwanaidi, mshona mashuka wa Bondeni. Siku moja Tunu alimtembelea, akakuta majirani saba wamekaa ukumbini wakisomewa Vipande. Walipomwona walimpisha kiti kwa adabu. Shangazi alimsindikiza hadi barabarani, akamshika mkono.

“Mwanangu, tunakusoma,” alisema. “Usiache kuweka tarehe.”

*

Juu ya Bondeni kulikuwa na bwawa kubwa la umeme lililopewa jina la rais aliyepita, na baadaye jina la rais aliyepo. Mtunzaji wake alikuwa Mhandisi Gervas Tuli, mtu mkimya mwenye miwani iliyofungwa uzi. Mhandisi huyu alikuwa ameona ufa kwenye ukuta wa bwawa mwaka mzima uliopita, akaandika barua. Ilirudishwa kwa sababu ukingo wa karatasi upande wa kushoto haukutimia inchi moja na nusu. Akaandika nyingine. Ilirudishwa kwa sababu ilitaja ufa, na fomu husika ilikuwa na nafasi ya “maendeleo” tu. Aliandika barua kumi na moja. Ya mwisho ilirudi na maelekezo kwamba tahadhari huzua taharuki, na anayezua taharuki atahesabiwa kuwa ndiye ufa.

Alhamisi moja saa nne asubuhi alimpigia Tunu simu. Alizungumza taratibu kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe. Alisema idara yake inatakiwa kutoa makanusho mawili kwa wiki, na wiki hii wametoa moja. Aliomba kuuliza kama inaruhusiwa kukanusha ufa.

Tunu aliacha kalamu.

“Ufa wenye upana gani, Mhandisi?”

“Jana mkono wangu uliingia hadi kiwiko. Leo umeingia hadi bega.”

“Na mnakanusha kwamba utafanya nini?”

 Mhandisi akasema wanakanusha kwamba ukuta utaachia Jumamosi, na pengine kabla ya adhuhuri.

Tunu aliandika kila neno. Aliwaza kupiga simu moja kwa moja kwa shangazi yake. Lakini Bondeni kulikuwa na watu elfu tisa, na shangazi mmoja akikimbia barabarani na godoro kichwani angeitwa mwendawazimu. Watu wale walikuwa na kitu kimoja tu walichokiamini, nacho kilihitaji saini ya Dakta Msolwa. Akaichukua karatasi, akaenda wizarani kwa miguu.

Dakta alikuwa akila karanga. Alisoma kanusho kwa makini, na kadiri alivyosoma ndivyo uso wake ulivyozidi kukunjamana. Tunu aliona kwamba Dakta ameshagundua. Akaanza kutafuta maneno ya kujitetea.

“Hili limeandikwa kivivu,” alisema Dakta. “Bwawa kupasuka, sawa. Lakini uongo huu unadai maji yatapita wapi?”

 Tunu akasema wanadai yatapita Bondeni.

“Bondeni ni kubwa. Mitaa gani? Mtu atasoma aseme, aha, mtaa wangu haukukanushwa, basi ni kweli. Kanusho kamili huziba kila mwanya.” Akamwagiza msaidizi alete ramani. Wakainamia ramani hiyo wote, na Dakta, kwa kalamu yake nyekundu, akaorodhesha mtaa mmoja mmoja ambao si kweli kwamba utazama. Akaendelea kukanusha kwamba wakazi wanapaswa kuhama kabla ya Jumamosi saa nne. Akakanusha kwamba barabara ya magharibi haitapitika. Kisha akaegemea kiti, akafikiri kwa kina, akaongeza kwa mkono wake mwenyewe kwamba si kweli kuwa kilima cha shule ya ufundi ndicho mahali pekee penye usalama, wala kwamba pana kisima na vyoo kumi na viwili.

“Sasa hapo hawana pa kushika,” alisema, akapiga muhuri.

Tunu alishuka ngazi za wizara akilia, na alipofika chini hakujua kama analia au anacheka. Saa sita kanusho lilikuwa hewani. Hadi Ijumaa alasiri Bondeni ilikuwa inahama. Walipanda kilimani na magodoro, kuku, cherehani na masufuria. Fundi majeneza aliyapandisha majeneza yake yote mapya, watu wakampisha njia. Bi Mwanaidi alikuja na mlango wa nyumba yake aliong’oa kwenye bawaba, kwa maelezo kwamba ni wa mninga na hauwezi kuachiwa maji. Hapakuwa na kelele wala kukanyagana. Kila mtu alikuwa na maelekezo.

Jumamosi saa tano ukuta uliachia. Bondeni ikawa maji matupu toka ukingo hadi ukingo.

Hakufa mtu. Aliyebaki ni diwani pekee, mtu mwaminifu, aliyelisoma kanusho kama lilivyoandikwa. Walimwokoa juu ya paa la ofisi ya kata akiwa amekumbatia bendera, na jambo la kwanza alilouliza ni kama wizara imeshasema chochote.

*

Serikali ilitikisika. Bwawa lilikuwa jambo dogo, mabwawa hupasuka. Swali lililowanyima wakubwa usingizi lilikuwa: wale watu walijuaje?

Ikaundwa tume. Tume ilikaa hotelini wiki mbili, ikala samaki na kuwahoji watu mia moja wa Bondeni, na wote mia moja wakajibu kwa unyenyekevu kwamba wao walisoma tangazo la serikali. Mwanzoni Dakta Msolwa alifurahi, akataka jambo hilo liingizwe kwenye hotuba ya bajeti. Ilibidi katibu wa tume, kijana mwenye subira, amweleze tena polepole kwa kutumia vikombe vya chai. Siku ya pili, inasemekana, Dakta alielewa. Alikaa akitazama vikombe kwa muda mrefu. Kama lile kanusho lilikuwa onyo, basi yale mengine elfu mbili na mia nane yalikuwa nini? Magunia yale? Boti? Daraja? Na nishani yake ilikuwa ya nini?

Tume ikampunguzia mzigo. Ilihitimisha kwamba serikali haijawahi kusema ukweli kwa makusudi, na kwa hiyo ukweli uliopatikana katika nyaraka zake umeingizwa na mhujumu. Mhandisi Tuli akahamishiwa wilaya ya jangwani kusimamia mabwawa ya huko. Bwana Nuhu aliitwa, akatoka jasho suti nzima, akaandika kwa hiari yake kurasa tatu kwamba Tunu alikuwa akifanya kazi peke yake, kwamba siku zote alimshuku, na kwamba anaomba matangazo ya wizara yaendelee. Hakumpigia Tunu simu. Alibadilisha tu jina la mhariri, akaliweka lake.

Ijumaa iliyofuata, saa tatu asubuhi, Tunu alikuwa saluni kwa Penina akisukwa. Nusu ya kichwa ilikuwa imekwisha, nusu nyingine imesimama kama manyoya. Mteja wa kiti cha pili, mfanyabiashara wa vitunguu, alikuwa akisoma Vipande kwenye simu kwa sauti, kama walivyokuwa wakifanya watu wote asubuhi. Alisoma kanusho la mafuta ya taa. Alisoma kanusho la mitihani iliyovuja. Halafu akaanza la tatu, na sauti ikamfifia katikati.

“Si kweli kwamba Bi Tunu Mngodo, aliyekuwa mhariri wa blogu hii, anatafutwa, atakamatwa leo nyumbani kwake, au amezuiwa kutoka nchini.”

Vidole vya Penina vikasimama kichwani.  Tunu aliutazama uso wake kwenye kioo na kuona ni wa mtu mwingine, aliyemzidi umri kidogo, asiye na damu. Jambo la kipuuzi likamjia: kwamba nyumbani ameacha maharage jikoni yamelowekwa. Kisha hofu yote aliyokuwa ameihofu maisha yake, ya polisi na mbwa na kuitwa ofisini, ikamfika kwa pamoja, na alipoigusa akakuta inabebeka.

“Wametoa sasa hivi,” alisema Penina kwa sauti ya chini. “Kwa kanuni yao una saa tatu. Mpakani ni saa mbili na nusu.”

Yule mfanyabiashara alishasimama. Alikuwa na pikapu nje, alikuwa anapeleka vitunguu upande huohuo. Mwanamke wa tatu alivua kitambaa chake cha kichwa, akamfunga nacho Tunu, akarudi kukaa.

*

Mpakani palikuwa na koplo mmoja aitwaye Zebedayo, mtu wa makamo, mwenye sare iliyopigwa pasi hata kwenye soksi. Tunu alikuwa amepanga kudanganya jina. Alipofika dirishani akachoka ghafla, akatoa pasipoti yake.

Koplo alilisoma jina. Akamwomba avue kitambaa. Akakitazama kile kichwa nusu kwa nusu bila kubadilisha uso, akavuta daftari.

“Nimepigiwa simu kutoka makao makuu,” alisema. “Nimeambiwa nikuzuie.”

 Tunu alishika ukingo wa dirisha.

“Lakini simu haina muhuri,” aliendelea Koplo Zebedayo, akageuza kompyuta ili naye aone. Ilikuwa Vipande, na muhuri wa Dakta Msolwa chini yake. “Hapa wizara inasema hutafutwi, hukamatwi, hukuzuiwa. Ina tarehe, ina saini. Mimi ni mtumishi wa umma, dada yangu. Siwezi kumzuia mtu ambaye serikali imetangaza kwa maandishi kwamba hajazuiwa. Nitakuwa nimeikanusha serikali.”

Akagonga muhuri, akapuliza wino ukauke, akamrudishia pasipoti kwa mikono miwili. Tunu hakujua siku ile, wala hajajua hadi leo, kama mtu yule alikuwa mpumbavu kuliko wote katika nchi yake au mwerevu kuliko wote. Uso wake ulikuwa wa kazini. Alikuwa ameshamwita wa nyuma yake.

Wizara ilijaribu kuyakomesha makanusho baada ya hapo. Ilishindikana. Kila idara ilikuwa imesahau namna nyingine ya kusema, na kanusho kwamba makanusho yatakoma lilipotoka, watu walikimbilia madukani kununua mishumaa. Ikabidi yaendelee. Bwana Nuhu akayachapa mwenyewe kwa vidole viwili, yakiwa na makosa ya herufi.

Siku ya tano tangu Tunu aondoke, juu ya kilima cha shule ya ufundi, watu wa Bondeni walikuwa bado wanaishi kwenye mahema. Bi Mwanaidi alikuwa ameuegemeza mlango wake kwenye mti, anaufungua asubuhi na kuufunga jioni. Jirani alifika mbio na simu mkononi, akamsomea lililotoka punde.

“Wizara inakanusha vikali uvumi kwamba Bi Tunu Mngodo amevuka mpaka salama, kwamba amepokewa vizuri, kwamba amepata chumba chenye dirisha ghorofa ya pili, na kwamba ameanza tena kuandika.”

Bi Mwanaidi aliomba asomewe tena, polepole. Alisikiliza hadi mwisho, akauliza tarehe, akaambiwa ipo.

“Alhamdulillahi,” alisema, akainjika chai.